Kinda Aliyenipenda Kupita Kiasi

Jumatatu, tarehe 4 Agosti

Naahidi kuandika kila kitu. Mwalimu wetu wa Kiswahili alisema shajara inayoficha mambo ni sawa na kioo kilichofunikwa taulo. Basi sitafunika. Nitaandika mema yangu yote, na makosa yangu pia, yakitokea.

Tumefika salama. Kituo cha kuokoa wanyama kiko upande huu wa mfereji, na shamba lake liko upande wa pili: ndizi, mananasi, kakao na vanila. Pampu ya shamba imegoma. Baba ni fundi wa pampu, kwa hiyo ameitwa aje aifufue, na akaambiwa alete familia yake, nyumba ya wageni ni kubwa. Familia ni Mama, ambaye ni muuguzi na ameapa kwamba katika likizo hii hatagusa bandeji, Bibi, mama yake Baba, anayefuma sweta ya mtu ambaye hataki kumtaja, mimi, na mtoto wa shangazi yangu.

Huyu wa mwisho shangazi alituomba tumchukue ili apate kupumzika. Kupumzika! Hajawahi kufanya kazi nyingine. Ana miaka kumi na miwili kama mimi. Hutembea na blanketi la kijivu mabegani, jua liwake au mvua inyeshe, na akikaa mahali dakika tatu, amelala. Ukoo mzima tunamwita Blanketi. Anaitika bila kinyongo.

Sasa jambo lenyewe. Langoni kuna ubao. Nimeusoma mara tatu. Kila wiki ya likizo, Daktari, ambaye ndiye mkuu wa kituo, huchagua mtoto mmoja kati ya wageni wa wiki hiyo. Mtoto huyo atarudi likizo ndefu kuwa msaidizi wa walezi. Atapewa mabuti ya kijani. Na siku makinda wa korongo watakapoachiliwa huru, yeye ndiye atakayefungua lango.

Yeye ndiye atakayefungua lango!

Nimetaka kuwa daktari wa wanyama tangu darasa la pili. Hadi leo nimetibu kuku mmoja tu, ambaye alikufa kwa sababu nyingine.

Wiki hii watoto wageni ni wawili. Mmoja anakoroma kitanda cha pili ninapoandika, na jua halijazama.

Nimefanya utafiti. Kuna mlezi mmoja mrefu ambaye sijamwona bila ndoo mkononi. Nimempa jina la Bwana Ndoo. Nilimwuliza Daktari huchagua kwa kuangalia nini. Cheti? Alama za sayansi? Nina zote mbili ndani ya begi. Akasema Daktari haangalii karatasi. “Anaangalia wanyama wanafanya nini ukipita, mwanangu. Basi.”

Basi! Ni rahisi hivyo. Wanyama wanipende kabla ya Jumamosi asubuhi, jina litakapotangazwa. Nina siku nne.


Jumanne, tarehe 5 Agosti

Tumetembezwa na Daktari mwenyewe. Ni mama mfupi, mpole, mwenye kalamu nyuma ya sikio na ubao wa kuandikia kifuani. Aliandika mara kwa mara. Kila alipoandika nilinyoosha mgongo.

Mpango wangu wa kwanza ulikuwa tumbili. Nilikuwa nimejaza mifuko yote ya gauni ndizi mbivu. Nilifikiri watanusa, watanijia taratibu, mmoja atashika kidole changu, Daktari ataandika.

Walinusa. Hawakuja taratibu. Mikono ilitoka kwenye nyavu pande zote. Walichukua ndizi, mfuko mmoja pamoja na ndizi, utepe wa nywele, na kiatu cha kushoto. Tumbili mmoja mzee alikivaa kichwani akaenda kuwaonyesha wenzake. Mama aliuliza, kwa sauti ile ya wodini, ni nani hasa aliyeokolewa katika kituo hiki.

Blanketi alikuwa amekaa chini hatua mbili kutoka pale, amejifunika, anaangalia. Hakuna tumbili hata mmoja aliyemtazama. Nilimwonea huruma kidogo. Kidogo sana.

Baadaye tulionyeshwa kasuku aliyekaa miaka tisa katika duka la kinyozi. Nilipopeleka uso karibu akanifokea: “Kaa sawa! Usitikise kichwa!” Bibi alicheka mpaka akapoteza hesabu ya vitanzi vyake. Daktari hakucheka. Alieleza kwamba kasuku huyu amewazoea watu kupita kiasi. Akipelekwa msituni leo, atatafuta kichwa cha mtu atue, na ataishia kwenye tundu la waya tena. Kwa hiyo hatarudi. Atakaa hapa maisha yake yote.

Nikawaza: bahati iliyoje! Chakula mara mbili kwa siku na watu wa kuzungumza nao. Nilimtabasamia Daktari kuonyesha kwamba nimeelewa. Alinitazama kwa muda mrefu, kisha akaandika kitu.

Nadhani mambo yanakwenda vizuri, ukiondoa kiatu.


Jumatano, tarehe 6 Agosti

Asubuhi tulipelekwa shambani kwenye vanila. Ua la vanila hufunguka asubuhi moja tu, na hapa hakuna mdudu wa kulihudumia, yaani kulichavusha, kwa hiyo kila ua huhudumiwa na mtu, kwa kijiti chembamba mfano wa kijiti cha meno. Unainua ulimi mdogo ulio ndani, unabonyeza, umemaliza. Ukitumia nguvu umelivunja, na hakuna ganda la vanila hapo mwaka huu. Nilihudumia maua kumi na moja. Mama mmoja, msimamizi wa shamba, alisema manne kati yake yatapona.

Blanketi alihudumia mstari mzima, polepole, bila kusema neno, kisha akalala chini ya mstari huo huo. Mama msimamizi alisema hajaona mkono uliotulia hivyo tangu aanze kazi. Nilisema kwa sauti kwamba wengine tulilelewa kuongea na watu tunapofanya kazi. Hakuna aliyejibu. Walikuwa wanafanya kazi.

Lakini! Nilipokuwa nimeondolewa kwenye maua na kupewa kazi ya kushika ndoo tupu, niliona uzio wa makuti mwishoni mwa shamba. Kuna ubao: KIMYA. USIONGEE. USIONYESHE USO. Kati ya makuti kuna upenyo wa upana wa kiganja.

Sikuongea. Mluzi si maneno. Kuhusu uso, nilionyesha nusu.

Ni ua wa makinda wa korongo. Wako watano, rangi ya majani makavu, shingo ndefu kupita akili zao. Walezi wao wanachekesha: wanajifunika shuka ya kijivu kuanzia kichwani hadi magotini, na mkono mmoja wanashika kichwa cha korongo cha mbao, ndicho kinachodonoa chakula chini ili makinda waige. Hawasemi kitu. Hawabembelezi mtu. Niliona ni ubaridi mkubwa kwa watoto wadogo kama wale.

Mlezi alipoondoka nikapiga mluzi mdogo. Vichwa vitano vikainuka. Kinda mmoja, mwenye miguu iliyoanza kuwa myeusi kutoka chini kana kwamba amevaa soksi, akaja mpaka kwenye upenyo. Nikampa panzi. Akameza. Nikampa mwingine. Akanitazama kwa jicho la kushoto, halafu kwa jicho la kulia, kama mtu anayelinganisha picha mbili za mtu mmoja.

Nimemwita Soksi.

Sijawahi kutazamwa na mtu kwa makini namna ile, hata na daktari wa macho.


Alhamisi, tarehe 7 Agosti

Nimekwenda kwenye upenyo mara nne. Saa kumi na mbili asubuhi, saa nne, saa saba, saa kumi. Panzi thelathini na moja. Magoti yangu yamechubuka. Mama aliyatazama, akayafunga bandeji, akasema hiyo haihesabiki.

Mara ya pili Soksi alikuwa tayari ananisubiri. Mara ya tatu alikuja mbio kabla sijapiga mluzi, akajikwaa, akaanguka kifudifudi, akainuka akaendelea mbio. Kwa ajili yangu! Nyumbani nikiingia, watu huuliza kama nimefunga lango.

Mara ya nne aliacha kula na wenzake akasimama tu pale, akinusa kidole changu, ingawa Bwana Ndoo anasema korongo hawanusi. Sikumwambia kwa nini nauliza.

Mpango ni huu. Kesho saa tatu Daktari atawapeleka wageni kwenye kibanda cha kuchungulia. Kila mtu ataingia humo, kimya, kutazama makinda wakitolewa uani kujifunza kutafuta chakula kwenye majani. Nitangoja wafike katikati ya uwanja. Nitatoka. Nitapiga mluzi. Soksi atakuja mbio mbele ya macho ya Daktari mwenyewe. Anaangalia wanyama wanafanya nini ukipita? Ataona!

Nimejizoeza mbele ya kioo uso wa mshangao. “Jamani, hata sijui kwa nini wananipenda.”

Wakati wa chakula Bibi aliacha kufuma akanitazama. Akasema, “Mjukuu wangu, ukitabasamu peke yako hivyo, mimi huwa naondoa vyombo mezani.” Na kweli akaondoa jagi.

Blanketi aliuliza kama naweza kupunguza kupiga mluzi chumbani, maana unamwingia ndotoni. Maskini. Hata hajui kwamba tuko mashindanoni.


Ijumaa, tarehe 8 Agosti

Niliahidi kuandika kila kitu. Laiti ningeahidi nusu.

Tuliingia kibandani: Daktari, Mama, Bibi na mimi. Baba alikuwa kwenye tangi la shamba, pampu imekohoa mara mbili tangu alfajiri na alikuwa na matumaini. Blanketi alikuwa kitandani. Safi kabisa, niliwaza.

Lango la ua likafunguliwa. Mlezi wa mbele, ndani ya shuka ya kijivu, akatoka polepole, kichwa cha mbao kikidonoa majani. Nyuma yake makinda watano kwa mstari. Kulikuwa kimya mpaka nikasikia sindano za Bibi. Daktari alikuwa ameshika kalamu, uso wake umelainika. Alinong'ona kwamba wamebakiza miezi minne, hadi likizo ndefu. Wakifika pale bila kujua mtu ana sura gani, wataruka na hawatarudi, na hiyo ndiyo furaha yake yote.

Nilisikia maneno hayo. Nakiri. Lakini miguu yangu ilikuwa imeshatoka nje.

Nikapiga mluzi.

Soksi akainua kichwa. Akaacha mstari. Akaja mbio, mabawa yamefunguka, akilia kwa sauti nyembamba. Hilo lilikuwa sehemu ya mpango. Ambalo halikuwa kwenye mpango ni kwamba wenzake wanne waliona ndugu yao anakimbilia kitu kizuri, na wao wakamfuata.

Nikaingiwa na hofu. Nikakimbia. Sijui kwa nini nilikimbia. Makinda watano nyuma yangu, mlezi wa shuka nyuma yao akijikanyaga, Bwana Ndoo nyuma ya mlezi akimwaga ndoo, na hakuna mtu aliyeweza kupiga kelele kwa sababu ya ule ubao. Ni mkimbizano wa kimya kuliko wote niliowahi kuuona. Tulipita kwenye mananasi. Tulipita kwenye vanila, ambako mama msimamizi alisimama mbele ya maua yake amenyoosha mikono kama golikipa. Tulifika kwenye tangi wakati ule ule Baba alipokuwa amesimama ukingoni, anaangalia maji ya kwanza yakitoka. Alikuwa anacheka kwa furaha. Kinda mmoja akapita katikati ya miguu yake. Baba akarudi nyuma hatua moja, na nyuma hapakuwa na hatua.

Pampu inafanya kazi. Tangi limejaa. Kwa kipimo cha Baba, limejaa hadi kifuani.

Hapo ndipo mlango wa nyumba ya wageni, iliyo mkabala na tangi, ulipofunguka. Kishindo cha maji kilikuwa kimemwamsha Blanketi. Alitoka amejifunika blanketi lake la kijivu kuanzia kichwani hadi magotini, ameinamisha kichwa, hasemi neno. Makinda wakasimama. Wakamtazama. Wakamwona mlezi wao. Wanne wakajipanga nyuma yake, kwa mstari, kama watoto wa shule waliosikia kengele. Bwana Ndoo akamwonyesha njia kwa kidole. Blanketi akaenda anakoonyeshwa, ndivyo alivyo, akaingia uani, akakaa chini, akalala. Makinda wanne wakajikunja kumzunguka.

Soksi hakwenda. Soksi alibaki amesimama juu ya mguu wangu.

Daktari alikuja polepole, amejitanda shuka. Hakunifokea. Angenifokea ningeshukuru. Aliuliza kwa mnong'ono nimeanza lini, na kumpa nini, mara ngapi. Nikamwambia yote, hadi hesabu ya panzi. Hakuandika. Alisema wale wanne wameona mara moja, watasahau. Huyu hajui tena kwamba yeye ni korongo. Akibaki hivi, lango likifunguliwa atabaki ndani, kama kasuku wa kinyozi.

Nilimwuliza kama nimemharibu. Alisema bado ni mdogo, kuna nafasi, kama hataona uso wangu wala kusikia mluzi wangu tena. Akanitazama juu ya miwani. “Msaada mkubwa unaoweza kumpa, binti yangu, ni kutokuwepo.”

Kisha akamnyanyua Soksi ndani ya shuka. Soksi alilia njia nzima hadi uani. Nami nililia, lakini mimi nilijua ninalilia nini.

Mama amempaka Baba dawa kwenye kiwiko. Amesema likizo yake imekwisha rasmi.


Jumamosi, tarehe 9 Agosti

Njia ya gari inapita kando ya ua wa makinda. Kwa hiyo niliondoka nikiwa nimevaa gunia la kakao kichwani. Lilikuwa wazo la Bwana Ndoo, na Bibi alilifunga kwa uzi wa sweta.

Nililivaa mapema mno. Nikalisikiliza tangazo nikiwa ndani yake.

Ni Blanketi. Mabuti ya kijani ni yake, likizo ndefu ni yake, lango ni lake. Niliuliza kupitia gunia, kwa adabu, ni kwa sababu gani. Daktari alisema kwa siku tano alikuwa akiangalia, na Blanketi alipopita hakuna mnyama hata mmoja aliyegeuza kichwa. Hicho ndicho anachokitafuta kila wiki. Ni kigumu kupatikana.

“Si nilikuambia, mwanangu?” alisema Bwana Ndoo.

Aliniambia. Ni kweli aliniambia. Ningewezaje kujua kwamba jibu sahihi lilikuwa “hawafanyi kitu”?

Blanketi alinisogelea, akainua pembe ya gunia. Akasema kama ningetaka mabuti tungeweza kugawana, kulia yeye, kushoto mimi, maana najulikana kuwa nina kiatu kimoja. Nadhani ulikuwa wema. Kwake ni vigumu kujua, alipiga miayo katikati.

Gari lilipopita kando ya uzio sikupiga mluzi. Nataka hilo liandikwe. Nilifunga midomo kwa vidole viwili. Nilisikia mtu mdogo anakimbia upande wa pili wa makuti, sambamba nasi, mpaka uzio ukaisha.


Jumatano, tarehe 20 Agosti

Barua kutoka kwa Daktari! Kwangu, kwa jina langu! Nimeisoma chooni, ndicho chumba pekee chenye komeo.

Anasema Soksi amerudi kula na wenzake. Kila asubuhi bado huenda kwenye upenyo, ambao umezibwa kwa bati, akasimama. Siku za kwanza alisimama robo saa. Sasa anasimama muda wa mtu kunywa glasi ya maji, kisha anaondoka zake. Anasema hiyo ni habari njema, na kwamba aliona ni haki niijue, na kwamba nikiendelea hivi hivi nitakuwa nimesaidia kweli.

Nililia kidogo. Kwa furaha, zaidi.

Halafu nikaanza kuiangalia ile glasi ya maji. Kutoka robo saa hadi glasi ya maji! Si ghafla mno? Mtoto mdogo, kuachishwa hivyo? Mama akiachisha mtu dawa, hupunguza kidogo kidogo. Daktari ana wanyama wengi, huenda hili limempita. Mtu akilieleza kwa heshima na kwa mwandiko mzuri, atashukuru. Anaweza hata kukumbuka kwamba likizo ndefu ina wiki sita, na mabuti ya kijani yana saizi mbili.

Nimemweleza Blanketi, kwa kuwa ndiye atakayeipeleka barua yangu posta. Amesema, “Wewe dada, una akili timamu kweli?” na akafunika uso. Nimelichukua hilo kuwa ndiyo.

Nimekwisha kuandika barua. Nainakili hapa, maana niliahidi kuandika kila kitu:

“Mpendwa Daktari, nashukuru sana kwa barua yako. Leo nimetimiza siku kumi na moja za kutokuwepo na nitaendelea kwa bidii ile ile. Ndani ya bahasha hii utaona picha yangu. Ni ndogo, ya kitambulisho cha shule, na sijatabasamu. Haina mluzi wowote. Ninaomba jibu lako siku ile ile upatapo barua hii, kwa sababu nina nyingine kubwa zaidi ikihitajika. Swali langu ni moja tu: picha hii mtaitundika upande anaolala Soksi, au upande anakokula?”